Mtangazaji wa Stesheni

9 Februari

Mpwa wangu, Bibi Meno,

Pokea salamu zangu na za mama yako. Amekaa hapa upande wa pili wa meza anapiga taipu, na ananiambia nikuandikie kwamba goti lake limepona. Halijapona. Anapanda ngazi kwa kushika ukuta, na ukimtazama anajifanya anakagua rangi. Mimi ni mzima, nywele tu ndizo zinazohama. Mlango wa mbele tumeupaka kijani. Jirani wa juu amenunua tarumbeta na hajui kuipiga, basi nimemtungia kipande chepesi cha kujifunzia. Yeye anadhani ni wema, kumbe najihami.

Na huko je? Bado unawachongea watu meno ya bandia? Siku hizi nikiwa jukwaani nawatazama wa safu ya mbele wanavyocheka, na nikiona meno yamejipanga kupita kiasi nasema huyo kapita mikononi mwa mpwa wangu. Bwana wa ramani naye hajambo? Mwambie wimbo wa harusi nimeanza kuutunga, na mpima ardhi anayeoa katika familia hii ataingia ukumbini kwa mwendo ninaoutaka mimi.

Sasa jambo lenyewe. Nimeandika mchezo mpya. Ule ukumbi wa zamani, nilikoanza kwa kukata tiketi dirishani kabla hawajaniruhusu kuigiza maiti (nikapiga chafya, kisa unakijua), unataka Bwana Tatu awafungulie msimu mwezi wa kumi. Jina hilo nimelichoka lakini ndilo lililo kwenye mabango: anaigiza, anaandika, anatunga nyimbo. Nimecheza wafalme na matapeli. Nimetunga nyimbo za kwaya na nyimbo za walevi, na mara mbili watu walewale wameimba zote. Michezo yangu imewaliza watu wazima. Pamoja na hayo yote, nikipita barabarani watu wananiimbia tangazo la sabuni nililolitunga nikiwa na njaa. Safari hii nataka kuacha kitu cha kuishinda sabuni.

Mhusika wangu ni mtangazaji wa stesheni ya treni. Mtu huyo hanyamazi. Soma nakala niliyoiambatisha, mama yako kaipiga mwenyewe na kunisahihishia nukta zote. Hotuba yake ya kwanza ndiyo ndefu kuliko zote nilizowahi kujiandikia, na nimeshaitungia wimbo wa kuikariria.

Jibu haraka, na usinisifu bure.

Mjomba wako


2 Machi

Mjomba,

Shikamoo. Nashukuru kwa habari za nyumbani, hata za goti ambalo si zima. Mwambie mama nimemkagua kupitia kwako. Mimi naendelea vizuri. Karakana yetu ni ndogo, meza tatu na dirisha moja, na unga wa plasta ya violezo vya meno unaingia kila mahali, mpaka kwenye chai. Juzi alikuja mzee akakataa meno tuliyomnyooshea. Anataka tumwachie mwanya wake wa zamani wa mbele, la sivyo mkewe hatamjua. Fundi mkuu alinuna. Mimi nilimtengenezea mwanya, na nauona ndiyo kazi yangu nzuri ya mwaka huu.

Bwana wa ramani anakusalimu.

Mchezo nimeusoma nikiwa nimesimama, nikausoma tena nimekaa. Hotuba ya mtangazaji nimeshaijua nusu: "Abiria wote mnaosubiri, nanyi msiosubiri ila mmekaa tu. Treni ya kwanza imechelewa. Ya pili imechelewa kwa sababu ya ile ya kwanza. Ya tatu iliwahi mno, haikukuta mtu." Nilicheka peke yangu chumbani mpaka mwenye nyumba akagonga ukuta.

Natamani ningekuwepo kukushikia karatasi. Unakumbuka? Kila sehemu uliyopewa uliitungia wimbo, ukaiimba mpaka ikakaa kichwani, halafu ukifika jukwaani unauondoa wimbo unabakiza maneno. Wewe ulikuwa unapiga pasi mashati, mimi nimekaa juu ya kikapu cha nguo nashika karatasi na kuimba sehemu za watu wengine wote. Ukinyamaza tu mimi nilikimbilia kukupa neno, nawe unainua mkono wenye pasi: "Usinipe. Linakuja." Na kweli lilikuja kila mara. Nilidhani watu wazima wote wanajifunza kazi zao hivyo. Nilipoanza ufundi wa meno nilishangaa kwamba hakuna anayeimba.

Huyo mtangazaji ni wewe mtupu. Usimguse.

Mpwa wako


6 Aprili

Mpwa wangu, Bibi Meno,

Hatujambo hapa. Mama yako anasema goti limepona, nami sitaki ugomvi. Jirani wa juu amenunua tarumbeta na hajui kuipiga, basi nimemtungia kipande chepesi. Mlango wa mbele tumeupaka kijani, utaupenda.

Nimemgusa mtangazaji. Usinikasirikie. Niliusoma mchezo upya nikaona yule bwana anasema mno, hawapi wenzake nafasi ya kupumua. Kwa hiyo nimemstaafisha. Katika nakala hii mpya ana sauti lakini hana kazi, anatangaza mara mojamoja tu, pale treni inapomkera. Maneno mengine nimewagawia mchuuzi wa magazeti na yule mama mwenye mizigo. Mwigizaji aliyekomaa hahitaji maneno mengi, hilo nimelisema kwenye mihadhara kabla hujaota meno yako mwenyewe. Mwongozaji, kijana mwenye miwani anayeniita "mwalimu" na kuniogopa, hajafurahi. Anasema watu watakuja kunisikia mimi, si mchuuzi. Nimemwambia watakuja kuuona mchezo.

Wimbo wa harusi unaendelea vizuri. Kwa kweli ndiyo kazi pekee inayokwenda yenyewe siku hizi, nikiamka nauimba kabla sijavaa. Bwana wa ramani anapenda nini, ngoma au zeze? Niambie mapema.

Mjomba


28 Aprili

Mjomba,

Shikamoo. Mimi mzima, kazi ni nyingi, fundi mkuu ameugua mgongo na taya zote zimeniangukia.

Mlango wa kijani uliniambia mwezi wa pili, na mwenye tarumbeta pia. Hata hivyo nimefurahi kuzisikia habari zao mara ya pili.

Nakala mpya nimeisoma. Ni nzuri, maana huwezi kuandika kibaya, lakini nilikuwa namtafuta yule mtu asiyenyamaza nisimpate. Mjomba, tangu lini wewe ukampa mwenzako maneno? Mama aliniambia zamani kwamba uliwahi kuigiza mlinzi wa geti asiye na mstari hata mmoja, na mchezo ulipofika wiki ya pili geti lilikuwa na hotuba. Mwongozaji ana haki ya kununa.

Na mama anasemaje? Ndiye anayezipiga nakala hizi, lakini hajaniongezea hata mstari chini ya barua yako. Si kawaida yake.

Ngoma au zeze, yoyote tu. Usijisumbue sana na huo wimbo.

Mpwa wako


1 Juni

Mpwa wangu,

Salamu kutoka kwangu, na kutoka kwa mama yako na goti lake. Tumekuwa na joto, madirisha yote wazi, tarumbeta inaingia bila kubisha hodi.

Mchezo umekamilika sasa. Nimepata ufumbuzi ambao hata mwenyewe umenishangaza. Mtangazaji hayupo kabisa. Pahali pake pana mtu aliyekaa kwenye benchi la stesheni, na watu wote wanapita mbele yake wakimweleza mambo yao. Yeye anawatazama. Pengine anavuma kidogo, mm, mm, kama mtu anayetafuta ufunguo mfukoni. Hana mstari hata mmoja. Mwongozaji aliponisikia alivua miwani akaifuta muda mrefu.

Wewe hujanijibu cha maana juu ya bwana wa ramani barua ya pili sasa. Nimeamua kuamini kwamba mapenzi yamekuziba mdomo. Kwa hiyo pokea zawadi: wimbo wenu huu hapa, nimekuandikia kwa do re mi kama nilivyokufundisha, ukurasa wa pili. Maneno nitayatia baadaye, lakini sauti ni kamili, sijawahi kutunga kitu kinachotiririka hivi. Uimbe polepole. Ni wa kuingilia ukumbini.

Mjomba wako anayekupenda


20 Juni

Mjomba,

Shikamoo, na shikamoo kwa mama. Mimi sijambo. Nimezitanguliza salamu hizi kwa sababu nisipozitanguliza nitasahau kuziweka.

Wimbo wa harusi umefika. Niliubandika ukutani juu ya meza yangu, nikawa nauvuma nikichonga nta. Ni mzuri mno. Siku ya kwanza niliuona mwepesi kuuzoea. Siku ya pili mikono ikiwa imetulia kwenye kazi, mdomo ukatia maneno wenyewe, bila mimi kuutuma: "Abiria wote mnaosubiri, nanyi msiosubiri ila mmekaa tu."

Niliacha kisu. Nikaitoa ile nakala ya kwanza drooni nikaimba hotuba yote tangu mwanzo hadi mwisho, neno kwa neno, na hakuna silabi iliyobaki nje wala nota iliyokosa neno. Hata pale penye "haikukuta mtu", sauti inashuka na kusubiri, kama unavyosubiri wewe.

Mjomba, huu si wimbo wa harusi. Huu ndio wimbo ulioutunga mwezi wa pili wa kukariria sehemu yako. Umeushika wimbo, umesahau ulikuwa wa nini.

Mimi ndiye mtu pekee duniani anayeweza kukuandikia hivi, kwa sababu nilikulia kwenye kile kikapu cha nguo. Nimezipanga nakala tatu mezani. Ya kwanza mtu hanyamazi, ya pili kastaafu, ya tatu yuko kwenye benchi. Hukuwa unatengeneza mchezo. Ulikuwa unajipunguzia maneno.

Niambie ukweli. Nakuogopea.

Mpwa wako


15 Agosti

Mjomba,

Natumai mko salama. Sijapata jibu. Barua yangu ya mwezi wa sita haikupotea, mama ameniandikia kipande cha karatasi, maneno machache tu: "Imefika. Anaisoma. Mvumilie." Na mimi navumilia, lakini nimefikiri kwamba nimekudai ukweli huku wangu nimeukalia. Basi chukua wa kwangu kwanza.

Hakuna harusi. Bwana wa ramani alihamishiwa kazi ya mbali mara baada ya mwaka mpya, na huko akapima akaona njia yake haipiti kwangu. Aliniandikia kwa adabu, kwa mwandiko wa ramani, herufi zote zimesimama. Ile siku niliyokuandikia kwamba anakusalimu alikuwa ameshaondoka. Sikukuambia kwa sababu ulikuwa unatunga wimbo na ulifurahi, na nilijidanganya kwamba utakapokwisha nitakuwa nimezoea. Sijazoea. Nikiwa karakana ni nafuu, nikirudi chumbani ni vibaya. Mama pia hajui, mwambie wewe, mimi nimeshindwa.

Sasa tuko sawa. Zamu yako.

Mpwa wako


30 Agosti

Mwanangu,

Safari hii sikuiti Bibi Meno. Pole. Nimemwambia mama yako, akainuka akaenda dirishani, akasema lile goti linauma, na kwa mara ya kwanza mwaka huu nimemwamini. Yule bwana ni mpumbavu. Ningeweza kusema kwa uzuri zaidi lakini ndivyo alivyo.

Ni kweli yote uliyoandika. Daktari ana jina la ugonjwa wangu, refu, nililisahau kwenye ngazi zake nikishuka. Nilimwambia mama yako hivyo, hakucheka. Ndiye aliyenipeleka, na nilimwapisha asikuambie, ndiyo maana hakuweza kuandika hata salamu. Maneno yananitoka. Si yote, na si kila siku. Nyimbo hazinitoki, hata moja. Muuguzi alikuwa ananivumia ule wimbo wa sabuni wakati ananipima, na mimi nikamwitikia beti zote.

Sasa nikuambie kinachonitisha, maana si kusahau kwenyewe. Unajua nilivyopata jina. Wenzangu walichekesha kwa kusema, mimi nilichekesha kwa kuacha kusema. Nafika katikati ya sentensi, nanyamaza, nawatazama watu, na ukumbi unaanguka kwa vicheko. Miaka yote nimewafundisha kwamba nikinyamaza wacheke. Mwezi wa tano, kwenye mazoezi, nilisimama katikati ya jukwaa na hapakuwa na kitu. Sikujua mchezo gani, sikujua mimi ni nani ndani yake. Kijana mwenye miwani akacheka mpaka akashika meza. Fundi wa taa akapiga makofi. Nilikuwa nimepotea, mwanangu, na walikuwa wananishangilia.

Ndipo nikamweka mtu kwenye benchi. Asiye na neno la kusema hawezi kulisahau. Sasa nafikiri hata benchi ni kubwa mno kwangu, nitawaambia watafute mtu mwingine. Nimekuwa nikiandika barua hii kwa siku kadhaa. Mama yako ameisahihisha nukta.

Mjomba


10 Septemba

Mjomba,

Shikamoo. Asante kwa kunijibu, na asante kwa "mpumbavu", nimeibandika ukutani mahali pa wimbo.

Usiwaambie watafute mtu mwingine. Mrudishe mtangazaji wa nakala ya kwanza, na hotuba yake nzima. Ila safari hii usiuondoe wimbo. Siku zote umekuwa ukiuvua ukifika jukwaani, kama mtu anayevua kandambili mlangoni. Mara hii ingia nao. Mtangazaji wa stesheni anaweza kuimba matangazo yake, nani atamkataza? Wewe mwenyewe umesema nyimbo hazikutoki.

Likizo yangu inaanza mwisho wa mwezi. Fundi mkuu amekubali, mgongo umepoa. Nakuja kushika karatasi.

Najua utakachosema: hujawahi kushikiwa karatasi mbele za watu. Sijakuomba ruhusa. Nimeshakata tiketi ya treni, na ikichelewa nitajua ni kwa sababu ya ile ya kwanza.

Mpwa wako


9 Novemba

Mjomba,

Shikamoo. Nimefika salama, chumba nimekikuta na vumbi na mwenye nyumba na maswali. Mzee wa mwanya alipita karakana kushukuru, mkewe kamjua.

Pale stesheni uliniambia: "Niandikie siku ile ilivyokuwa, yote, nipate kuisoma." Basi soma.

Onyesho lilikuwa la alasiri. Mama alikataa kukaa katikati, akachukua kiti cha safu ya mbele pembeni, goti alinyooshe. Mwongozaji alikuwa ametengeneza kibanda cha tiketi kulia kwa jukwaa, na mimi nikakaa ndani yake, na kofia ya kazi, karatasi mapajani. Kabla pazia halijafunguka ulikuja kwenye kidirisha ukanitazama. Ukasema, "Mimi nilianzia hapo." Ukanunua tiketi kwa kifungo cha koti lako. Kifungo ninacho hapa, sitakirudisha.

Ulianza kuimba na watu wakashtuka kidogo. Walikuja kucheka. Ulipofika treni ya tatu wakawa wako, kicheko kilikuja kutoka nyuma kikashuka mpaka mbele. Hukukosea hata neno. Wiki zile za pasi na mashati zililipa, ingawa mama anasema hajawahi kuona familia yenye nguo zilizonyooka hivyo.

Halafu kwenye hotuba ya mwisho, ile ya kuita abiria waliobaki, ukanyamaza.

Walicheka, kama ulivyosema. Wakacheka zaidi. Mimi nilikuwa naona mkono wako wa kushoto, ulikuwa unatafuta pale kilipokuwa kifungo, na nikajua hiki si kituo chako cha kuchekeshea. Kicheko kikapungua, kikabaki cha mtu mmoja, kikaisha. Mama alidhani ameshika kiti cha mbele yake, kumbe mbele yake hapakuwa na kiti, alikuwa ameshika ukingo wa jukwaa. Nikafungua mdomo nikupe neno. Nilikuwa nalo, kidole kilikuwa juu yake.

Ukainua mkono. Uliuinua ngumi umeifunga, kana kwamba umeshika pasi.

Nikafunga mdomo. Sijawahi kufanya jambo gumu kuliko hilo. Kisha ukageuka ukaja mpaka kwenye kidirisha changu, ukaimba, sauti ni ileile, lakini maneno hayakuwa kwenye karatasi yangu wala kwenye nakala yoyote: "Abiria uliye dirishani, unayemsubiri mtu. Mtu huyo hayumo katika treni hii, wala katika inayofuata. Usimsubiri. Panda. Kiti chako ni cha upande wa jua, mjomba wako amekushikia."

Hakuna aliyecheka. Mimi nililia ndani ya kibanda na kofia yangu, na bahati nzuri watu walidhani ni mchezo. Halafu ukarudi katikati, na ile hotuba ikakujia, ukaimaliza yote, treni ya mwisho ikaondoka, taa zikazima, na waliposimama walisimama wote.

Mwongozaji alikuja nyuma akaniuliza ule mstari mpya uko ukurasa gani, anataka ubaki. Sijui kama ulisahau ukaokota kilichokuwa karibu, au ulikusudia tangu mwanzo. Sikukuuliza kule, na hapa pia siulizi.

Kitu kimoja zaidi. Asubuhi iliyofuata, nikishuka na begi, yule anayefagia ngazi za jengo lenu alikuwa anavuma. Nilisimama kusikiliza. Haikuwa sabuni.

Nalala vizuri siku hizi. Mwambie mama.

Mpwa wako


1 Desemba

Mpwa wangu, Bibi Meno,

Hatujambo, goti limepona, mlango wa mbele ni wa kijani. Kama nilikuambia, basi umeambiwa mara ya pili.

Mama yako ananisomea barua yako baada ya chai. Nimempenda sana huyo mwigizaji. Pale aliponyamaza niliogopa kweli, nikamwambia mama yako aache kusoma, akaendelea, na yule bwana akatoka salama. Nikauliza ni nani. Anasema ni mimi. Nimekubali, nani anakataa sifa? Jana akanisomea tena nikauliza tena, naye akajibu bila kuchoka, na nikafurahi upya. Waigizaji wenzangu walifurahia kila onyesho mara moja tu.

Maonyesho mengine anacheza mwongozaji. Miwani inamfaa, na ule mstari wa dirishani anauimba kama ulivyo. Mimi nakaa safu ya mbele pembeni na mama yako, nawafuatisha kwa kuvuma, na hakuna anayenifukuza.

Utaona sijakuuliza habari za bwana wa ramani. Hilo sijalisahau. Mengine yakitoka yatoke, hilo nimeliimbia.

Njoo mashati yakichafuka. Karatasi utashika wewe, pasi nitashika mimi. Na nikinyamaza usiogope, wala usinipe neno.

Linakuja.

Mjomba wako